"Kusafisha Kizazi": Neno Lifichalo Kovu

Kata ya Bonga imo ndani ya mji wa Babati, kandokando ya barabara iendayo Kondoa na Dodoma. Mwanamke wa huko aliyeharibikiwa mimba apelekwapo hospitalini, akirudi majirani huambiwa kwamba "amesafishwa kizazi." Msemo huo umeenea Tanzania nzima, na kwa upande wa sayansi ni msemo mbaya. Humfanya msikilizaji adhani kwamba mfuko wa uzazi ni kama sufuria, ambayo kadiri isuguliwavyo ndivyo inavyotakata.

Mfuko wa uzazi haukuumbwa hivyo. Utando wake wa ndani una matabaka mawili. La juu hukua na kubomoka kila mwezi, ndiyo hedhi. La chini hubaki, nalo ndilo huotesha la juu upya. Chombo cha chuma kikwaruapo hadi kulichubua tabaka la chini, mahali palipochubuka hufanya kovu, na kuta mbili zinazotazamana huweza kushikamana. Hedhi hupungua au hukoma kabisa, na mimba hukosa mahali pa kujishikiza. Hatari huzidi kazi hiyo irudiwapo, au ifanywapo wiki chache baada ya kujifungua, wakati ukuta ungali laini. Daktari Heinrich Fritsch wa Ujerumani alieleza jambo hili mwaka 1894. Mwaka 1948 Joseph Asherman wa Tel Aviv alitangaza habari za wanawake 29 waliokosa hedhi baada ya kuzaa au kuharibikiwa mimba, na ugonjwa ukaitwa kwa jina lake.

Haifai, hata hivyo, mtu aikimbie hospitali. Mabaki ya mimba yakiachwa ndani huleta damu nyingi na maambukizo, na maambukizo hupanda hadi kwenye mirija na kuiziba. Uchunguzi wa Shirika la Afya Duniani uliofanywa kati ya 1979 na 1984 katika nchi 25 ulionyesha kwamba mirija iliyoziba kwa maambukizo ilikuwa sababu kubwa zaidi ya utasa Afrika kuliko kwingineko. Walio wengi watibiwao mara moja, kwa uangalifu, huzaa baadaye. Swali ni chombo gani kitumike. Mwaka 2012 Shirika hilo lilisema wazi kwamba kukwarua kwa chuma kumepitwa na wakati. Badala yake itumike pampu ifyonzayo kwa mrija wa plastiki, au vidonge. Pampu ya mkono haihitaji umeme wala, mara nyingi, nusukaputi. Hoja ya umaskini basi haina nguvu hapa.

Lililobaki gumu ni ukimya. Mwanamke akikosa mtoto miaka mitatu baadaye huitwa tasa, hudhaniwa amerogwa, pengine huachwa (mume, ambaye mbegu zake hazijapimwa, haulizwi neno), na hakuna maandishi ya kumwambia daktari mpya kilichofanywa. Cheti chake chapaswa kutaja, kwa Kiswahili, chombo kilichotumika, umri wa mimba, na homa au maumivu yaliyofuata. Mwalimu wa baiolojia naye, afundishapo hedhi, alichore ubaoni lile tabaka la chini. Msichana alijuaye atatambua kwamba hedhi iliyokoma baada ya matibabu hayo, ilhali hana mimba, ni habari ya kupeleka hospitalini upesi: makovu huonekana kwa kamera nyembamba ipitishwayo mlango wa kizazi, na mengi huweza kukatwa.