UFA HAUPONI KWA RANGI



Tumeona kwa macho yetu mikisa moja ya zege hapa Isinya, kando ya barabara ya Namanga. Ilikuwa na ufa wa urefu wa kidole pale fremu inapobeba pipa. Nyapara akaamuru ipakwe rangi. Siku chache baadaye ufa ulikuwa shubiri nzima. Kibarua aliyeusema aliambiwa kesho asije.

Sisi watu wa reli jambo hili twalijua. Mwaka 1842, karibu na Versailles huko Ufaransa, ekseli ya injini ilikatika na watu zaidi ya 50 wakafa. Magurudumu ya mabehewa nayo yaligongwa kwa nyundo: chuma kizima hulia kama kengele, chenye ufa hutoa sauti butu. Chuma huchoka. Kila pipa lenye zege linapozunguka, fremu hupindika kidogo sana na kurudi, na ufa huanzia penye maungio au tundu la bolti.

Basi pipa lioshwe jioni kwa maji na kokoto. Zege ikigandia ndani huongeza uzito upande mmoja, tena vijana huipiga kwa nyundo nzito, na nyundo hiyo ndiyo mama wa nyufa nyingi. Mikisa isimame mahali sawa, isizidishiwe kipimo, na bolti zikazwe kila asubuhi.

Ukishuku ufa, zima mashini. Safisha chuma, paka mafuta ya taa, pangusa, kisha paka chaki. Mafuta yatachora mstari. Fundi atoboe tundu dogo kwa keekee mwisho wa ufa ili usiendelee, auchimbe mpaka chuma safi, afute mafuta yote, ndipo alehemu. Kulehemu juu juu ni rangi ile ile kwa bei kubwa zaidi.

Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007, kifungu cha 14, yamtaka mfanyakazi amwarifu msimamizi akiona hatari kubwa. Mwajiri hawezi kumrudisha hapo kabla ya kuiondoa, wala kumfukuza kwa kuondoka penye hatari.

Kwa hiyo yeyote atakayeambiwa "kesho usije" kwa sababu ya kusema ufa, alete habari kwa katibu wa tawi siku hiyo hiyo, pamoja na tarehe, mahali, na ufa ulipo katika mashini.