Usiikatae Nota de Culpa

Ukiitwa ofisini ukapewa karatasi ya Kireno inayokutuhumu kwa kosa la kazi, ipokee. Andika tarehe uliyoipokea, omba nakala, tafuta mtu wa kukusomea siku hiyo hiyo. Nawaambia hasa vijana wa Palma, Quionga na Mocímboa da Praia, kaskazini mwa Msumbiji, maana wengi hudhani kuikataa karatasi ni kuikataa tuhuma. Sivyo. Ukikataa, wafanyakazi wawili huweka saini kushuhudia kwamba umekataa, tangazo linabandikwa kazini, na siku zako za kujitetea zinahesabika ukiwa umekaa nyumbani.

Karatasi hiyo ndiyo nota de culpa. Bila hiyo mwajiri nchini Msumbiji hawezi kumfukuza mtu kihalali kwa kosa la nidhamu. Anapaswa kuieleza tuhuma kwa maandishi, kosa lenyewe, siku na mahali, ndani ya siku 30 tangu alijue. Mfanyakazi ana siku 15 za kujibu kwa maandishi, kuambatanisha vielelezo, au kuomba asikilizwe ana kwa ana. Kisha faili linapita kwa chama cha wafanyakazi kitoe maoni, na uamuzi lazima utaje sababu. Hatua ikirukwa, shauri zima laweza kubatilishwa, hata kama kosa lilitendeka. Mabosi hukasirika wakisikia hivyo, lakini si ukaidi wa Msumbiji peke yake: Nairobi mwaka 2013, katika kesi ya Walter Ogal Anuro dhidi ya Tume ya Utumishi wa Walimu, mahakama ilisema sababu nzuri ya kufukuza haitoshi, utaratibu nao uwe wa haki.

Kwa nini tahadhari hii sasa? Kampuni ya TotalEnergies ilitangaza kusimamisha mradi wa gesi wa Afungi Aprili 2021, mwezi mmoja baada ya Palma kushambuliwa, na tangazo hilo likaondolewa Novemba 2025. Kazi zinarudi, na nyingi ni za wakandarasi na wakandarasi wao wadogo, kwa mikataba ya muda mfupi. Katika msururu huo ni rahisi mtu kuondolewa getini kwa neno la mdomo tu, kadi ikachukuliwa, basi.

Hatari inayonitia wasiwasi zaidi ni ya utoro. Asiyeonekana kazini siku nyingi mfululizo bila taarifa huchukuliwa kuwa ameitelekeza kazi, na kama hajulikani alipo, wito wake hubandikwa kwenye ubao wa kampuni. Sasa fikiria aliyekimbia vita na watoto usiku, kwa mashua au kwa miguu, mpaka mji wa Pemba, Msumbiji. Ubao wa Afungi atausomea wapi? Kanuni hii haikutungwa kwa pwani inayokimbiwa. Kwa hiyo, ukilazimika kuondoka, tuma ujumbe wa maandishi kwa msimamizi na kwa mtu wa sindicato, yaani chama cha wafanyakazi, hata kwa simu, na usiufute. Ukifika unakokwenda, omba barua ya katibu wa mtaa inayothibitisha kwamba umefika kama mkimbizi wa vita.

Jihadhari pia na karatasi ya makubaliano inayoletwa pamoja na mshahara wa mwisho. Ukitia saini kwamba mmeachana kwa hiari, unaweza kuwa umeifuta mwenyewe hoja ya kufukuzwa. Mshahara wa siku ulizofanya kazi ni haki yako, haununuliwi kwa saini hiyo.

Halafu kuna muda wa kushtaki. Msumbiji ni miezi 6 tangu siku ya kufukuzwa. Waliofukuzwa na mwajiri wa Tanzania, ng'ambo ya Mto Ruvuma, wana siku 30 tu kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Msimamizi akikwambia "subiri, tutakuita tena," msikilize kwa adabu, ila siku zinahesabika hata ukiwa unasubiri. Nenda kituo cha usuluhishi wa kazi Pemba ukiwa na mkataba, hati za mishahara na ile nota de culpa. Na kama hukupewa nota yoyote, hilo ndilo la kwanza kumwambia msuluhishi.