Mahindi yapo, njaa ipo: tatizo liko wapi?

MKULIMA mdogo wa Ngerengere, mkoani Morogoro, huuza mahindi mara tu baada ya mavuno, wakati kila mwenye gunia naye anauza. Ada ya shule inasubiri, deni la mbegu linasubiri, na dumuzi hawasubiri. Ikifika Februari, mtu yuleyule yuko dukani ananunua unga kwa bei ambayo hakuiona alipokuwa muuzaji.

Njaa nyingi duniani ziko hivyo. Mwaka 1981 mchumi Amartya Sen, akichambua njaa ya Bengal ya mwaka 1943, alionyesha kuwa watu wanaweza kufa huku chakula kipo, kwa kuwa hawana uwezo wa kukipata. Umoja wa Mataifa unakadiria kuwa watu milioni 673 walikabiliwa na njaa mwaka 2024, ingawa dunia inazalisha chakula cha kuwatosha wote. Vita na ukame vina sehemu yao, lakini havielezi Februari ya Ngerengere.

Bei ya nafaka ilipopanda duniani mwaka 2008, Tanzania ilizuia mahindi kwenda nje. Mwaka 2011 ikazuia tena. Nia ilikuwa kumlinda mlaji. Hata hivyo, zuio hushusha bei shambani, kwa hiyo unga nafuu wa mjini hulipiwa na mkulima, naye msimu unaofuata hupunguza eka. Mfanyabiashara mwenye ghala hungoja tu mpaka ufunguliwe.

Machi 2021 mlango ulifungwa upande wa pili. Kenya ilizuia mahindi ya Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu, kisha siku chache baadaye ikalegeza kwa masharti. Hapo mkulima ana la kufanya: kukausha vizuri, juu ya turubai, si ardhini.

Usafiri si kisingizio kikubwa Ngerengere, kwani reli inapita hapo. Kinachokosekana ni ghala na mizani. Sheria ya Stakabadhi za Ghala ya mwaka 2005 inamruhusu mkulima kuhifadhi mazao na kukopa kwa stakabadhi, lakini utaratibu huo umeshika zaidi kwenye korosho. Kwenye mahindi bado inatawala lumbesa: gunia linalofungwa na kilemba juu, likalipwa kama gunia moja.