Viungo Vilivyokufa Navyo Vitunzwe

Juzi usiku nilifungua nakala ya DMOZ, ile saraka ya tovuti iliyoanzishwa Marekani mwaka 1998 na kufungwa na AOL Machi 2017. Nikaenda sehemu ya lugha za dunia, nikabofya Kiswahili, nikatulia pale kama mtu aliyefungua sanduku la bibi yake. Viungo vingi vimekufa. Ukibofya, hupati kitu. Lakini chini ya kila jina maelezo yapo bado, mstari mmoja mmoja, kazi ya wahariri wa kujitolea waliofungua tovuti, wakaisoma, ndipo wakaipangia mahali pake. Kazi hiyo ndiyo ninayoionea uchungu. Mashine ya kutafuta hukupa ulichouliza. Saraka ilikuonyesha hata usichojua kukiuliza. Na kuitunza si kazi kubwa: funga fomu ya kupokea tovuti mpya, achana na hifadhidata, kila ukurasa ugeuze kuwa faili tuli la HTML, basi. Hakuna programu ya kusasisha kila mwezi, na seva ndogo tu inatosha. Kaburi lisilo na alama hugeuzwa shamba, nasi tumeshalima mengi. Anayefuta saraka eti kwa kuwa viungo vimekufa anachoma daftari la wageni kwa sababu wageni wameondoka. Orodha yangu mwenyewe, niliyoikusanya miaka mingi, nimeiweka kwenye faili moja jana. Vilivyokufa nimeviacha humo humo, na maelezo yake.