Elfu Ishirini ya Dawa Haimalizi Maneno

Bunia, Beni ao Butembo, ni vilevile. Pikipiki inamgonga mtu, watu wanajaa, motari anaomba radhi, anatoa franka elfu ishirini ya dawa, na wazee waliopo wanasema: « Maneno imekwisha. » Kisha juma mbili mfupa haujaunga, mama hawezi tena kwenda soko, na simu ya motari haipatikani. Maneno imekwisha kwa nani?

Kwa sheria ya Kongo haijakwisha. Kifungu cha 258 cha kitabu cha tatu cha sheria ya raia, kinachotoka kwenye dekreti ya tarehe 30 Julai 1888, kinasema kwamba mtu akimletea mwenzake hasara kwa kosa lake, analazimika kuirekebisha. Na hasara si vidonge vya siku ya kwanza tu. Ni hospitali yote, ni siku ambazo mtu hakufanya kazi, ni kilema kitakachobaki, ni maumivu pia.

Wanasema motari ni maskini, utamdai nini? Lakini mara nyingi pikipiki si yake. Iko mwenyewe, anayepelekewa verseman kila jioni. Kifungu cha 260 kinamgusa anayemtuma mtu kazi, na anayekuwa na kitu chini ya ulinzi wake. Tena, bima ya vyombo vya moto ni lazima tangu sheria ya 1973. Zamani ilikuwa SONAS peke yake. Sheria ya tarehe 17 Machi 2015 ilifungulia kampuni zingine mlango. Ajabu ni kwamba barabarani karatasi ya bima inaulizwa sana wakati wa kutafuta faini, lakini siku ya ajali hakuna anayeiuliza.

Wanasema mhami hana haki, hapa si kwao. Uongo mtupu. Sheria inasema mtu, haisemi mwenyeji. Aliyekimbia Djugu ao Irumu bila kitambulisho anaweza kuomba kwenye komine karatasi inayoshuhudia kwamba vitambulisho vyake vilipotea.

Wanasema tribinali ni ya matajiri. Ni kweli gharama ziko. Lakini asiye na uwezo anaweza kuomba hati ya umaskini ili aondolewe gharama hizo. Na kama parke inamfuatilia motari, aliyeumia anaweza kuingia katika kesi hiyohiyo na kudai malipo yake, bila kufungua kesi ingine.

Wanasema kudai ni kuuza damu, mkristo anasamehe. Asamehe, ni vizuri. Lakini msamaha haulipi minervali ya watoto wala haununui magongo ya kutembelea. Wanaohubiri msamaha huo kando ya barabara wanarudi nyumbani kwa miguu miwili mizima.

Hatari kubwa ni karatasi ya mapatano. Kupokea pesa ya dawa hakufungi mlango. Kutia kidole kwenye karatasi inayosema « sitadai tena kitu » kunaweza kuufunga kabisa kwa upande wa malipo, hata kama parke bado inaweza kumfuatilia aliyekosa. Mtu aliye na maumivu, ambaye daktari hajamwona, hapashwi kutia kidole popote. Na anayemharakisha ajiulize anamsaidia nani.

Kwa hiyo familia zishike haya: namba ya plaki, jina la mwenye pikipiki, jina la kampuni ya bima, simu za mashahidi wawili, PV ya polisi, karatasi ya daktari, na resi zote za dawa. Yafanywe mapema, kwa maana katika jimbo hili shahidi wa leo anaweza kuwa amehama kesho.

Amani kati ya majirani ni kitu chema. Lakini amani inayonunuliwa kwa elfu ishirini, juu ya mguu wa mama wa watu, ni wizi wenye adabu.