Msitutajie Naibu Gavana Tukiuliza Kazi

NENO LA JUMAMOSI
Na Gati Adhiambo

"Nyinyi Wakuria mnataka nini tena, na naibu gavana mnaye?"

Swali hilo lilitoka kwenye kipaza sauti Jumatano wiki hii, katika uwanja wa vumbi kando ya barabara ya kuelekea Kehancha. Aliyeliuliza ni mheshimiwa ambaye sitamtaja jina, kwa sababu si yeye pekee. Nimelisikia Migori mjini, nimelisikia Rongo, na kwa sura nyingine nimelisikia Mbita, likielekezwa kwa Wasuba. Tofauti ni kwamba mara hii nilikuwa nimesimama karibu na binti aliyejibiwa hivyo, nikauona uso wake. Tangu hapo sijatulia.

Mkutano wenyewe ulikuwa wa uwezeshaji. Mnaijua mikutano hii. Kura ya 2027 inanukia na msimu wake umefika. Akina mama waliambiwa wawe uwanjani saa mbili asubuhi. Mheshimiwa aliwasili saa nane mchana. Kati ya saa hizo kulikuwa na jua, muziki wa kukodi, na vijana wenye fulana mpya wakipanga tena viti vya plastiki vilivyokuwa vimepangwa tayari. Vitu vya kugawa vilirundikwa mbele ya jukwaa: mahema, viti, sufuria kubwa za kupikia kwenye sherehe na matanga, na mashine za kuoshea magari kwa ajili ya vijana wa bodaboda. Kila hema lilikuwa limechapwa jina la mheshimiwa kwa herufi kubwa.

Sina ugomvi na hema. Mama yangu ni mtu wa Kendu Bay, na chama chake kiliwahi kununua sufuria kwa michango ya wanachama, wakawa wanazikodisha. Karo yangu ya mihula kadhaa ilitoka humo. Najua kikundi cha wanawake kinaweza kufanya nini kikiwa na hema lake. Lakini najua pia kwamba hema likigawiwa wanawake arobaini, kila mmoja hurudi nyumbani na kipande cha hema.

Binti ninayemzungumzia alikuwa akigawa maji ya chupa. Hicho ndicho kilikuwa kibarua chake cha siku hiyo. Tulisalimiana kwa Kikuria, tukaanza kuongea, na nikajua kwamba ana shahada ya uhasibu na amemaliza mitihani ya CPA. Amepeleka maombi ya kazi ofisi nyingi za umma hadi amechoka kupiga nakala za vyeti. Aliitwa kwenye mahojiano katika ofisi moja. Swali la kwanza halikuhusu hesabu. Aliulizwa, "Kwenu ni wapi hasa?" La pili lilikuwa ni nani anayemjua pale. Barua haikuja.

Ulipofika wakati wa maswali, binti akaweka katoni ya maji chini, akainua mkono, akapewa kipaza sauti. Alianza kwa shukrani, kama alivyolelewa. Kisha akauliza kwa upole kabisa: nafasi za kazi zilizotangazwa mwaka jana, Wakuria wangapi walizipata, maana sheria inataja asilimia 30. Ndipo likaja lile jibu la naibu gavana. Jukwaa zima likacheka. Mheshimiwa akaongeza kwamba msichana mrembo kama yeye hapendezi akiwa na hasira. Akina mama wachache wakapiga makofi, na siwalaumu, kwani walikuwa hawajala tangu asubuhi na mahema yalikuwa bado hayajagawiwa.

Binti akarudisha kipaza sauti, akainua katoni yake, akaendelea kugawa maji.

Sasa nisikilizwe. Swali lake lilikuwa la kisheria na lilistahili jibu la tarakimu. Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012, kifungu cha 65, inasema kwamba katika kuajiri, angalau asilimia 30 ya nafasi zilizo wazi katika ngazi ya kuingilia kazini ziende kwa watu wasiotoka katika kabila kubwa la kaunti. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008 inasema hakuna taasisi ya umma itakayokuwa na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi wake kutoka kabila moja. Katiba nayo, ibara ya 174, inataja ulinzi wa jamii ndogo na zilizotengwa kuwa miongoni mwa malengo ya ugatuzi. Tuliletewa kaunti kwa sababu hizo. Mtu akitaka kujua kama sheria hizi zinafuatwa Migori au Homa Bay, kinachohitajika ni orodha: idara, cheo, eneo analotoka aliyeajiriwa. Karani mmoja mwenye kompyuta anaweza kuimaliza kwa juma moja.

Badala ya orodha, tunatajiwa mtu mmoja.

Tangu 2013 Migori imekuwa na magavana wawili, Okoth Obado kisha Ochilo Ayacko. Naibu wa Obado kwa vipindi vyote viwili alikuwa Nelson Mahanga Mwita. Naibu wa Ayacko ni Joseph Gimunta Mahiri. Wote wawili ni Wakuria, na sina neno baya juu yao. Neno langu ni juu ya kiti chenyewe. Naibu hachaguliwi kwa kura yake. Mgombea ugavana ndiye humteua. Akishaingia ofisini, sheria inampa kazi ya kukaimu gavana asipokuwapo, na nyingine zozote gavana atakazoona vyema kumpa. Hana saini juu ya bajeti kwa haki yake mwenyewe. Anayesema Wakuria wana naibu gavana anasema kwamba kuna Mkuria mmoja anayesubiri kupewa kazi. Binti wa CPA naye anasubiri. Wapo wawili basi.

Nina baba mdogo huko Ntimaru, mtu asiyezima redio. Jioni hiyo nilimpigia simu kumsimulia. Akapunguza sauti ya redio, na hilo si jambo la kawaida kwake. Akaniambia, "Mwanangu, sisi wametupa unaibu kama mgeni anavyopewa kiti karibu na mlango." Kisha akanikumbusha hesabu ambayo wengi huipita. Migori ina maeneo bunge manane, na mawili ni Kuria Mashariki na Kuria Magharibi. Kwa sensa ya 2019, zaidi ya robo ya watu wa kaunti nzima wanaishi katika hayo mawili. Robo ya kaunti si wageni.

Isitoshe, Wakuria wameshaonyesha kwamba wanaweza kubeba kaunti yote. Msiendelee kuwasahau, marehemu wala walio hai: Wilfred Machage alikuwa seneta wa kwanza wa Migori mwaka 2013, kwa kura za kaunti nzima. Mwaka huohuo Dennitah Ghati alichaguliwa mwakilishi wa wanawake, naye akapigiwa kura Nyatike na Awendo na Uriri kama alivyopigiwa Kehancha. Waluo, walio wengi Migori, waliwapa kura hizo. Kwa hiyo mtu asiniambie kwamba mpiga kura wa kawaida ndiye anayekataa. Ubaguzi huu hautoki kwa muuza omena wa Sori. Unatengenezwa kwenye meza za uteuzi, na watu wanaojua kabisa wanachofanya.

Ng'ambo ya Homa Bay mambo yalikwenda kwa njia nyingine, na mimi kama mtoto wa pande zote mbili nayatazama kwa uchungu tofauti. Homa Bay pia ina maeneo bunge manane, na mawili ni Suba Kaskazini na Suba Kusini. Wasuba waliingia katika nyumba ya Waluo, wakaoa na kuolewa, wakazungumza Kijaluo, na humo wakatoa viongozi ambao nchi nzima iliwasikia. Tom Mboya alikuwa mtu wa Rusinga. Septemba 1959 ndege ya kwanza ya mpango wake iliondoka na wanafunzi 81 kwenda vyuo vya Marekani, na hawakuchukuliwa kutoka kijiji chake pekee. John Mbadi, aliyekuwa mbunge wa Suba Kusini, leo ndiye waziri wa fedha. Vyeo vilikuja. Lakini nendeni Mfangano mtafute mtoto anayeota ndoto kwa Kisuba. Bei hiyo ilikuwa kubwa mno, na sitaki Wakuria waambiwe wailipe ndipo wapewe kazi ya karani.

Hata huko Marekani walikotua wanafunzi wa Mboya, jamii kunyimwa kiti cha juu ni jambo lililopo. Texas, karibu watu wanne kati ya kumi ni wenye asili ya Amerika ya Kilatini, wengi wao wakiwa na ndugu upande wa pili wa mpaka kama sisi tulivyo na ndugu Tarime, Tanzania, na mpaka leo hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuwa gavana wa jimbo hilo. Wingi pekee hautoshi kama meza ya uteuzi imefungwa.

Lakini meza hufunguka, na waliowahi kuifungua ni wanawake. Mama yangu alikuwa akilitaja jina la Phoebe Asiyo kama mtu anavyolitaja jina la dada yake mkubwa. Asiyo alikuwa mbunge wetu wa Karachuonyo. Mwaka 1997 alipeleka bungeni hoja ya kuwapa wanawake nafasi maalum katika siasa, na wabunge wenzake wakaiangusha. Aliishi hadi 2025, hivyo aliona kanuni ya theluthi mbili ya jinsia ikiingia katika Katiba ya 2010, na akamwona Gladys Wanga akichaguliwa gavana wa Homa Bay mwaka 2022, mmoja wa magavana wanawake saba wa uchaguzi ule. Wanga hakuanzia kwenye unaibu. Alikuwa mwakilishi wa wanawake kwa vipindi viwili, akajulikana kila wodi, kisha akaomba kiti chenyewe. Kutoka hoja ya Asiyo hadi kiapo cha Wanga ni miaka 25, na katika miaka hiyo hakuna hema lililobadilisha chochote. Kilichobadilisha ni sheria, na wanawake walioidai sheria hiyo bila kuona haya.

Ndiyo maana kicheko kile cha Jumatano kinaniuma kuliko mengine yote. Binti alifanya jambo lilelile alilofanya Asiyo. Alisimama mbele ya watu wenye mamlaka na kuwauliza juu ya hesabu.

Na sasa nigeuke nyumbani, maana baba mdogo atanisoma na lazima anisikie. Desemba zinajulikana kwetu kuwa msimu wa kukeketa wasichana. Sheria ya kupiga marufuku ukeketaji ipo tangu 2011, na bado wasichana wetu wanakatwa, wanaozwa, na shule inaishia hapo. Msichana aliyeozwa akiwa darasa la saba hafiki kwenye mahojiano ambako ataulizwa kwao ni wapi. Kwa kila binti mmoja mwenye CPA anayechekwa uwanjani, wapo wengi ambao sisi wenyewe tuliwazuia kabla mheshimiwa hajapata nafasi ya kuwacheka. Siwezi kumdai mtu wa Rongo asilimia 30 huku nikinyamazia hilo.

Tena baba mdogo ananiambia mazungumzo ya 2027 yameshaanza huko Kuria, na hayahusu ugavana. Yanahusu ukoo gani utatoa naibu safari hii: Abakira, Abagumbe, Abanyabasi au Abairege. Koo nne zinakaribia kutoleana maneno mabaya kwa ajili ya nafasi ambayo haiombwi kwa mwananchi, bali huombwa sebuleni kwa mtu mwingine. Nawaomba wazee wanaoketi kwenye vikao hivyo wanijibu mambo mawili kabla hawajamaliza chai. Ni nani kati yenu aliyewahi kuandika barua kudai ile orodha ya walioajiriwa? Na katika kikao hicho kinachopanga nani atatuwakilisha, yupo mwanamke hata mmoja aliyeketi?