Kamati ya Harusi na Mtu wa Kiporo

Kamati za harusi zetu zina mtu wa mapambo, mtu wa muziki, mtu wa vinywaji, hata mtu wa kupokea wageni wa mbali. Naomba, ndugu zangu, mwongeze mmoja: mtu wa kiporo. Na kwenye msiba vilevile.

Kazi yake kubwa inaanza pale wengine wanapochoka. Usiku mpishi amelala kwa uchovu, sufuria kubwa la pilau limefunikwa sinia, na kila mtu anajua kwamba asubuhi litapashwa moto na kuliwa kwa chai. (Kiporo ni kitamu, sikipigi vita. Kuna tunaokipenda kuliko pilau ya mchana.) Shida ni kwamba mchele huja na bakteria aitwaye Bacillus cereus, na spora zake hazifi kwa kuchemka. Wali ukipoa polepole katikati ya sufuria, spora zinaota, bakteria wanazaliana, na baadhi yao huacha sumu ambayo moto wa asubuhi hauiondoi hata ukikoleza mkaa namna gani. Mlaji anaweza kuanza kutapika kabla hata ya adhuhuri.

Kwa hiyo wali huokolewa usiku. Shirika la Afya Duniani linashauri chakula kilichopikwa kisikae nje zaidi ya saa 2. Mtu wetu akitandaze kwenye masinia, kina cha vidole viwili hivi, kipoe haraka kisha kiingie kwenye friji. Hakuna friji? Basi agawe usiku uleule: majirani, walinzi, vijana waliobeba viti. Hakuna atakayekataa.

Mchuzi wa nyama nao ugawanywe kwenye vyombo vidogo, na asubuhi uchemke kwelikweli, ukikorogwa mpaka chini. Uvuguvugu hautoshi.

Na mapema, kabla chakula hakijapakuliwa, apewe na kipimajoto cha nyama. Kuku wa mkaa huungua ngozi huku nyama iliyo kwenye mfupa ikiwa mbichi, na kababu hubadilika rangi kabla hazijaiva. Viwango vya Marekani ni nyuzi 74 za Selsiasi kwa kuku na 71 kwa nyama ya kusaga. Achome katikati ya paja bila kugusa mfupa, asome namba, na akiona 65 awarudishe kuku jikoni, hata kama meza kuu imeanza kugonga sahani.